Lori Alilofichwa Mume Wangu

Mume wangu alikuwa dereva wa malori tangu kabla hajaniposa. Alikuwa akitoka Mombasa na makontena mpaka Malaba, na akirudi alikuwa akija na vumbi hadi kwenye kope, na mkungu wa ndizi umefungwa nyuma ya kiti. Watoto wa mtaa walikuwa wakimzunguka wamwombe awatajie njia. Naye huanza, macho kayafumba: Mazeras, Mariakani, Samburu, Maungu, Voi, Mtito Andei, Kibwezi, Makindu, na mpaka afike Malaba alikuwa keshakwambia wapi pana chai nzuri na wapi pana askari wakorofi. Hakuruka kituo hata kimoja. Nilikuwa nikimwambia kwamba siku ya ndoa yetu ndiyo aisahau, lakini kituo cha Emali hasahau.

Tulipohamia Minnesota, Marekani, aliendelea na kazi ile ile. Alichukua mizigo kwenye maghala ya Shakopee akaipeleka majimbo ambayo mie mpaka leo siwezi kuyatamka vizuri. Theluji aliizoea upesi kuliko mimi. Alisema barafu ni utelezi tu, na utelezi aliujua tangu enzi za matope.

Kisha Ijumaa moja, tukiwa mezani tunakula biriani, akaanguka. Mkono uligonga sahani, macho yakageuka, na mwili mzima ukatetemeka sakafuni mbele yangu. Hospitali walitwambia ni kifafa. Neno hilo sisi hatulitaji hovyo, kwa hivyo nyumbani tukawa tunasema "ule mwanguko," kana kwamba aliteleza bafuni. Daktari alimpa dawa, akamwambia kuendesha gari basi, na lori ndiyo kabisa. Kabla hatujaondoka alimtajia maneno matatu, wakazungumza mengine, halafu akamwuliza ayarudie. Alipata mawili. Daktari alisema si kitu, dawa zile huzubaisha kidogo mwanzoni. Mume wangu njia nzima alikuwa kwenye kiti cha abiria, midomo inamcheza, analitafuta lile la tatu. Tulipofika nyumbani nilimwambia aliache, akasema ameliacha, nami nilijua anadanganya.

Tunakaa Blaine. Huku bila gari hata maziwa huyafikii. Mie ndiye niliyebaki dereva wa nyumba, na kwa kuwa kazi yangu ni kukaanga sambusa na mahamri ya kuuza kwenye maduka ya watu wetu, kila asubuhi nilikuwa natoka na ndoo zangu naye namwacha dirishani. Akipanda nami alikuwa akikanyaga breki ambayo haipo. Nikikata kona mguu wake wa kulia unashuka. Nilimtania kwamba atanitobolea gari, akacheka, lakini mguu haukuacha.

Mwanetu, ambaye tunaye mmoja tu, ni mtu mzima wa miaka thelathini na kitu, anafanya kazi ya kompyuta kwenye ofisi moja kule Eden Prairie. Alipoona babake anavyokaa, Jumapili moja alikuja na kompyuta, usukani wa plastiki na pedali za kukanyaga. Humo ndani mna kitu ambacho ni duka na pia ni kabati. Michezo unayonunua inapangwa kwa picha kama kaseti za zamani, na watu wa ukoo mmoja wanaweza kuunganishwa wawe familia, cha huyu atumie yule. Alimwingiza babake kwenye familia yake, akamwekea dama, mchezo wa kuvua samaki, na mchezo wa malori.

Dama alicheza mara moja. Samaki hakuwagusa. Lakini lile lori! Alikuwa akivaa kofia yake, akajifunga kikoi, akakaa wima kama aliyeajiriwa leo. Nikimpelekea chai anainua kidole nisimsemeshe, yuko kwenye mteremko. Alilalamika kwamba wenye magari madogo ndani ya ule mchezo hawana adabu. Siku moja nilimsikia akipiga honi na kumtukana mtu kwa matusi ya madereva wa Changamwe, nikacheka peke yangu jikoni mpaka mahamri yakaungua.

Kilichonipendeza zaidi ni adhana. Simu ikilia, yeye hakuinuka hapo hapo. Alitafuta kwanza mahali pa kuegesha, akaliingiza lori polepole, akavuta breki ya mkono, akazima injini. Ndipo alipokwenda kutawadha. Nilimwambia, "Bwana we, hilo ni picha tu, hata ukiliacha katikati ya njia nani atakufa?" Akanijibu kwamba dereva haachi gari katikati ya njia. Kisha alikuja mbele, mie nikasimama nyuma yake, akanisalisha. Tangu nilipoolewa ndivyo tunavyosali akiwa nyumbani. Sauti yake ikianza Fatiha mie hutulia, hata kama tulikuwa tumenuniana.

Miezi ile nilimshukuru Mungu kwa plastiki ile. Alinenepa kidogo. Alianza tena kututajia vituo.

Halafu asubuhi moja nikamsikia chumbani akibonyeza kipanya, kik, kik, kik, bila mlio wa injini. Nilikuwa nakata vitunguu. Ilipita muda mrefu, kisha akaja akasimama mlangoni pa jikoni.

"Mchezo wangu hauko," akasema.

"Hauko vipi? Una miguu?"

"Iko dama. Wako samaki. Lori halipo, hata picha yake haipo."

"Basi mpigie mwanao akutengezee."

Akatikisa kichwa. "Mtu mzima nimpigie mtoto kazini nimlilie mchezo? Hapana. Nawe usimwambie." Akaangalia mikono yake. "Nadhani nimeufuta mwenyewe. Lakini sikumbuki. Nimekaa pale najilazimisha nikumbuke, sikumbuki kabisa."

Nilimwambia ni mashine tu, mashine huharibika. Alikubali kwa kichwa, na nilijua yumo kwenye lile neno la tatu la daktari. Alirudi chumbani, na kwa siku kadhaa alikuwa akiifungua ile kompyuta, anaitazama orodha yake fupi, anaifunga.

Baada ya hapo alianza kujipunguza. Sijui niseme vipi vingine. Kwanza aliacha kupika chai ya alasiri, ambayo alikuwa haniruhusu niiguse, kwa sababu alisema ataacha jiko limewaka atuunguze. Hakuwahi kuliacha jiko likiwaka. Kisha aliacha kutaja vituo. Nilimchokoza makusudi, nikasema baada ya Voi ni Makindu, nikidhani atanirukia. Akasema, "Yawezekana," akaendelea kukunja nguo. Nilitoka nikaingia chooni nikalia. Mume wangu kukubali kwamba baada ya Voi ni Makindu!

Mwisho ikafika kwenye sala. Ilikuwa magharibi, nimeshatandika misala yote miwili, wake mbele wangu nyuma. Alisimama pale, akainua mikono, akaishusha. Akageuka.

"Sali yako," akaniambia. "Mie nitasali yangu."

"Kwani nimekukosea nini?"

"Hujanikosea. Naogopa nitapotea katikati, nikupoteze na weye. Mchezo sikujua nimeufuta lini. Rakaa nitazijuaje?"

Nilimwapia kwamba hajawahi kukosea hata moja, na kwamba mie nyuma yake ningemkumbusha. Hakutaka. Aliniomba nikae kando yake nimhesabie, kama tulivyokuwa tukimfanyia nyanya yangu miaka yake ya mwisho. Nikakaa. Bibi yule alikuwa hajui hata jina langu wakati ule. Mume wangu alikuwa anajua kila kitu, alisali rakaa tatu kamili, taratibu, bila kuyumba, kisha akanitazama. Nikamwambia ni tatu. Akashusha pumzi. Mie ndipo nikainuka kusali yangu, peke yangu, na Fatiha nikajisomea mwenyewe.

Na mie niliamini, hilo nisilifiche. Nilianza kumwangalia kwa jicho la kutafuta makosa. Akiniita, nilisubiri kuona kama ataniita kwa jina la dadake. Nilikuwa nakaa garini nje ya duka na ndoo za sambusa zinapoa, nafikiria atakaponisahau nitakuwa nani.

Jumapili iliyofuata mwanetu alikuja kula. Nilikuwa nimeahidi kutosema, lakini ilinishinda. Babake alipolala kidogo baada ya chakula nilimvuta kijana jikoni nikamweleza yote: mchezo ulivyopotea, chai, vituo, sala. Nikamwambia, "Babako akili inamtoka. Tumpeleke tena kwa daktari."

Alikuwa kashika kijiko, akakiweka, akakichukua tena.

"Mama," akasema, "hakuufuta."

"Wajuaje?"

"Ni mimi. Nili-block. Nilipompeleka Baba clinic mara ya mwisho, daktari aliniambia pale mlangoni apunguze screen, zile taa zake zinaweza kum-trigger, aanguke tena. So nikaingia kwa simu yangu, nikau-restrict ule mchezo, usionekane kwake."

"Alisema apunguze ama aache?"

"Apunguze. Lakini Mama, wamjua Baba. Angepunguza vipi?"

Akanionyesha simu. Kulikuwa na orodha ya ile familia yao ya kwenye kompyuta. Juu picha yake yeye, na chini yake imeandikwa *adult*. Chini picha ya babake na kofia yake, ile niliyompiga mwenyewe siku ya Idi. Chini ya ndevu zile nyeupe imeandikwa *child*. Kiingereza changu ni cha dukani, lakini hilo nilisoma.

"Babako ni mtoto?" nikamwuliza.

"Ni setting tu, Mama. Huwezi kumfichia mtu game kama ni adult. Lazima umweke child kwanza. Haimaanishi kitu."

Nilimwambia maneno ambayo sitayarudia. Alipopata nafasi alisema kwa sauti ndogo, "Ningemwambiaje Baba asicheze? Nani humwambia Baba hapana? Nyie mlimficha nyanya sukari, mkaniambia ninyamaze, akawa anaitafuta kabatini kila siku. Mimi nimefanya hivyo hivyo."

Ndivyo tulivyo. Kwetu mkubwa haambiwi hapana usoni. Sukari inafichwa, ufunguo unafichwa, habari ya msiba inafichwa mpaka mtu amalize kula, na sote tunaita adabu. Nyanya yangu alikufa akiamini nyumba yetu imeishiwa sukari. Hatukuwahi kujiuliza aliliwaza vipi jambo hilo kichwani mwake.

Nilimwambia aende amwambie babake, kwa mdomo wake, sasa hivi. Akaniomba aurudishe tu kimya kimya, Baba aamke aukute. Nikasema ukifanya hivyo ataamini ameota. Nenda.

Mume wangu alikuwa keshaamka, kakaa ukingoni mwa kitanda anatafuta kandambili kwa mguu. Mwanetu alipiga magoti mbele yake kama mtoto anayeomba radhi kabla ya safari, akamweleza. Alichanganya Kiswahili na Kiingereza, akajikwaa, akaanza upya. Babake alimsikiliza mpaka mwisho, uso hauonyeshi kitu.

"Kwa hivyo upo," akasema.

"Upo, Baba. Kila kitu chako kipo. Hakuna kilichofutika."

Tukaenda wote watatu kwenye kompyuta. Kijana akawa anabonyeza simu yake. Mie nikapata wazo, na nilidhani ni wazo jema. Nikamwambia mume wangu, "Kabla hajafungua, twambie uliliacha wapi lori."

Alisita. Nilimwona anaogopa, kama mwanafunzi aliyeitwa ubaoni. Akasema polepole, "Kama sikosei. Kituo cha mafuta, nje ya mji mmoja wa jangwani. Nilikuwa na mzigo wa mbao. Niliegesha kando ya lori jekundu, pua inaelekea barabarani, nikaenda kusali adhuhuri. Lakini msinishike sana."

Picha ikarudi kwenye kabati. Akaibonyeza mwenyewe. Ikazunguka, ikazunguka, ikafunguka. Jangwa. Kituo cha mafuta. Mbao zimefungwa minyororo nyuma. Lori jekundu kando, na pua inaelekea barabarani.

Nikapiga kigelegele. Nilipiga kwa kweli, ndani ya nyumba ya Blaine, nikamgonga bega, nikamwambia, "Unaona! Hukusahau hata rangi!" Mwanetu naye alianza kucheka huku anajifuta macho.

Mume wangu hakucheka. Aliutazama usukani, akaupapasa, hakuushika.

"Kwa hivyo siku zote zile," akasema, "nilikuwa mzima."

Kijana aliacha kucheka. Babake akamgeukia, na wala hakuwa na hasira. Natamani angekuwa nayo. Mie niliyeolewa naye najua hasira zake, ni za kelele na huisha kabla chai haijapoa.

"Ungeniambia tu," akamwambia. "Ningekukatalia. Tungegombana hapa, mamako angetutenganisha, ningekasirika siku mbili. Kisha ningepunguza. Lakini ningejua kichwa changu kiko sawa."

"Nisamehe, Baba."

"Nimekusamehe. Yamekwisha." Akamshika kichwa, kama alivyokuwa akimshika alipokuwa mdogo, akiondoka safari ya Malaba.

Kabla hajaondoka mwanetu alimrejesha babake kwenye *adult*, mtu mzima, akanionyesha simu nihakikishe. Wakakubaliana kwa mdomo atacheza kidogo asubuhi, taa ya chumba imewashwa, na akichoka macho ataacha. Na ndivyo anavyofanya mpaka leo. Anapunguza mwenyewe, bila kuambiwa na mtu. Huwa nasikia injini ikiwaka, inanguruma kidogo, kisha inazimwa mapema kuliko tulivyopatana. Baada ya hapo huniita.

"Njoo uone nilipoliegesha," huniambia. "Unisaidie kukumbuka."

Naenda naona. Kesho yake nikimwuliza, anataja mahali, mzigo, na gari lililokuwa kando, yote sawasawa. Ila kila mara huanza na "kama sikosei," neno ambalo zamani halikuwamo kinywani mwake.

Jioni ile ile ya Jumapili nilitandika misala yote miwili, wake mbele, wangu nyuma. Nilidhani yamekwisha kama alivyosema. Nilivaa hata kanga yangu ya sala iliyo nzuri. Alikuja na maji ya udhu yanamtiririka kwenye viwiko, akasimama mbele, akautazama msala, akaangalia nyuma akaniona nimejipanga. Akainua mikono hadi masikioni. Mie nikainua yangu. Nikangoja sauti.

Akaishusha mikono. Akauvuta msala wake nyuma mpaka ukawa sambamba na wangu.

"Kaa hapa," akaniambia taratibu. "Unihesabie."

"Lakini umeona mwenyewe! Lori lilikuwa pale pale!"

"Nimeona," akasema. "Kaa tu."

Nikakaa. Ndivyo tunavyosali sasa. Yeye husimama, mie hukaa kando yake nikihesabu kwa vidole juu ya paja, na akimaliza ndipo nainuka kusali yangu. Hajawahi kukosea. Si magharibi, si isha, si siku moja tangu hapo. Akitoa salamu hunigeukia, nami humwambia zimetimia zote. Naye hunishukuru, kwa upole sana, kama mtu anayejua kwamba nimemwambia maneno ya kumfariji tu.